Perelsztejn, Diane

Mwongozaji wa filamu za hali halisi kutoka Ubelgiji. Wakongomani wana sababu yao ya kumjua: mwaka 1995 alitoa Rhodes nostalgie, filamu inayokusanya kumbukumbu za Wayahudi wa kisiwa cha Rhodes, jamii ambayo wana wake wengi walihamia Kongo. Filamu yake ya mwaka 1990 iliwafuata Wayahudi waliokimbia Lithuania wakapitia Japani hadi Shanghai. Filamu hizo mbili zinafuata njia za wakimbizi ambazo vitabu vya shule huziruka.

Wayahudi wa Rhodes walizungumza Kiladino, lugha waliyorithi kwa mababu waliofukuzwa Hispania mwaka 1492. Mwanzoni mwa karne ya 20 kisiwa hakikuwa na kazi za kutosha. Vijana wakapanda meli kwenda kusini mwa Afrika, kisha wakaifuata reli iliyofika Elisabethville, Lubumbashi ya leo, mwaka 1910. Walifungua maduka, wakaitana ndugu kwa ndugu, wakajenga sinagogi ambalo bado limesimama. Rabi Moïse Levy, mzaliwa wa Rhodes, aliwaongoza kuanzia 1937 hadi 1991: enzi ya Wabelgiji, uhuru, kujitenga kwa Katanga, jimbo la mji huo, na Zaire ya Mobutu.

Julai 1944 Wajerumani waliwakamata Wayahudi waliobaki Rhodes, zaidi ya 1,600, wakawapeleka kambi ya mauaji ya Auschwitz kwa mashua na treni. Balozi mdogo wa Uturuki, Selahattin Ülkümen, aliwanusuru wapatao 40. Kati ya waliopelekwa, walionusurika walikuwa kama 150 tu. Hapo ndipo Kongo inapopata uzito wake katika kisa hiki: duka la Katanga, lililofunguliwa kwa kutafuta riziki, liligeuka kuwa kimbilio la ukoo mzima.

Kimbilio hilo lilikuwa ndani ya mji wa kikoloni uliowatenga weusi na weupe, na ukweli huo hauwezi kuachwa nje. Hata hivyo damu ilichanganyika. Moïse Katumbi, gavana wa Katanga kuanzia 2007 hadi 2015, ni mtoto wa Nissim Soriano, Myahudi mwenye asili ya Rhodes.

Kwa msomaji wa Bunia, mkoani Ituri, Lubumbashi ni mbali, lakini kisa hiki ni cha nchi yake pia. Watengenezaji filamu wa Ituri na Katanga wachukue kamera sasa, wawahoji wazee wa Kikongomani waliofanya kazi katika maduka yale, kabla hawajatutoka.