Mji mzima unaingia kwa matatu moja

Hebu fikirieni matatu ya abiria 14, ile ya kawaida ya mtaani. Sasa chukueni wakazi wote wa mji mmoja wa Marekani, wazee kwa watoto, muwapandishe. Wote wanaenea, na hakuna anayebaki stejini. Sensa ya 2020 ilihesabu watu 14 Nicodemus, jimbo la Kansas. Hiyo namba ndiyo hupendwa sana na watu wa video za "miji iliyokufa". Unajua zile: muziki wa huzuni, jengo la mawe, nyasi zinapepea, kwisha.

Mimi nimeusoma huu mji kwa muda sasa, na kusema ukweli hizo video zinaniudhi.

Wengi wetu Kansas tunaijua kwa sababu ya Obama. Baba alitoka Siaya, mama alizaliwa Wichita, Kansas. Nicodemus iko mbali na Wichita, huko kaskazini-magharibi ya jimbo, kwenye tambarare kavu ambapo unaona mvua ikija kabla haijakufikia. Na walioujenga ni watu weusi ambao miaka 12 tu kabla yake walikuwa bado utumwani.

Mwaka 1877 ni mbaya kwenye historia ya Marekani. Wanajeshi wa serikali kuu waliokuwa wakilinda haki za watu weusi kusini waliondolewa, na wazungu wa huko wakajua sasa hakuna wa kuwauliza kitu. Kumbuka sheria ya 1862 iliruhusu familia kudai ekari 160 huko magharibi, ukikaa na kulima miaka mitano inakuwa yako. (Ardhi ya "bure" kwa sababu wenyeji wa asili walikuwa wamefurushwa. Wacha tuseme hivyo, tusijifanye hatujui.)

Ndipo wakatokea W. R. Hill, mzungu wa biashara ya ardhi, na mhubiri mweusi W. H. Smith, wakaanzisha kampuni ya mji. Walisambaza vikaratasi Kentucky kwa watu weusi: dola 5 na unaingia Kansas. Sifa zilikuwa za kutosha, mji mpya, udongo mzuri, uhuru. Kama umewahi kuona tangazo la ploti linalosema "dakika 10 kutoka lami" halafu ukaenda kuiona, unajua hadithi inaelekea wapi.

Septemba 1877 karibu watu 300 waliwasili. Treni iliwaacha mji wa Ellis, wakatembea zaidi ya kilomita 50 na watoto na mizigo. Walipofika hawakukuta mji, hata miti hawakukuta. Mbao hakuna, kwa hivyo walichimba makao ardhini, mashimo yenye paa la udongo na nyasi, na hapo ndipo walipitisha baridi ya Kansas, baridi ambayo sisi hatuna hata neno lake. Wengine waligeuza wakarudi. Willianna Hickman aliyefika mwaka uliofuata alikuja kusimulia baadaye kwamba alipouliza Nicodemus iko wapi, alionyeshwa moshi unaotoka ardhini. Hao ndio majirani. Alilia.

Mimi hapo ndipo hunishika. Huyo mama alikuwa amesafiri safari yote hiyo kwa ajili ya moshi.

Lakini alikaa. Waliobaki walivunja udongo kwa majembe, kwa sababu farasi walikuwa wa kuhesabu kwa vidole. Wazee wa Nicodemus husimulia kwamba baridi ya kwanza waliokolewa na wawindaji Waosage waliowagawia nyama. Jenny Fletcher akawa mwalimu, mumewe Zachary akasimamia posta na hoteli. Kufikia 1887 kulikuwa na makanisa, maduka, benki, na magazeti mawili, Western Cyclone na Enterprise. Mji na mashamba yake ulikuwa na mamia ya watu. Mmoja wao, Edward McCabe, alichaguliwa mwaka 1882 kuwa mkaguzi wa hesabu wa jimbo lote la Kansas. Mtu mweusi, 1882, anakagua pesa za wazungu. Soma hiyo tena polepole.

Sasa kilichoumaliza. Si uvivu, si kwamba "hawakujua kuendesha mji", maana hiyo komenti huwa haikosi. Ni reli. Mwaka 1887 wakazi walipiga kura kutoa dhamana za dola 16,000 kuvuta reli ipite kwao. Siku hizo reli ikikupita, mahindi na ngano yako yanabaki shambani. Mazungumzo yakavunjika, na 1888 kampuni ya Union Pacific ikapitisha njia yake kusini ya mto Solomon, kilomita chache tu kutoka hapo. Kando ya reli kukazaliwa mji mwingine, Bogue. Wafanyabiashara wa Nicodemus wakafunga maduka, wengine wakahamisha mpaka majengo yenyewe kuvuka mto kufuata stesheni. Wenzetu wa Mtito Andei na Voi, waliouzia madereva wa malori chakula miaka yote halafu mizigo ikahamia SGR, hawahitaji nifafanue.

Baadaye ukaja ukame wa miaka ya 1930, upepo ukabeba udongo wenyewe. Kufikia 1950 walibaki watu 16. Posta ilifungwa 1953.

Kitu ambacho zile video hazisemi ni kwamba Bogue nayo, mshindi wa reli, leo haifiki watu 200. Kaunti nzima ya Graham ilikuwa na watu zaidi ya 8,000 mwaka 1910, na 2020 haikufika 2,500. Trekta moja linafanya kazi ya familia kumi, shamba linameza shamba, vijana wanaenda mjini kutafuta. Kwa hivyo ukiniambia Nicodemus imekufa kwa kushindwa, nitakuuliza huyo aliyeshinda yuko wapi.

Na kuna hili. Kila mwaka, wikendi ya mwisho ya Julai, mji wa watu 14 hujaa mamia. Wajukuu na vitukuu wanarudi kutoka majimbo ya mbali, kuna gwaride, ibada, chakula, watoto wanaonyeshwa makaburi ya waliotoka Kentucky. Sherehe hiyo wamekuwa nayo tangu karne ya 19. Veryl Switzer, aliyezaliwa hapo na kuchukuliwa na Green Bay Packers kwenye uteuzi wa 1954, aliendelea kulima ardhi ya familia. Mwaka 1996 serikali kuu iliweka majengo matano ya zamani chini ya idara ya hifadhi za taifa, baada ya wenyeji kusukuma sana.

Sensa inauliza ulilala wapi. Ya kwetu ya 2019, usiku wa Agosti 24, mimi nilihesabiwa bedsita Roysambu, nikiwa na mwaka wa kwanza wa chuo ambao sikujua hautafika wa tatu. Nyumbani ushago waliandikwa nyanya na binamu wawili. Watu watatu. Desemba hiyo hiyo tulilala wengine kwenye gari kwa sababu nyumba ilijaa.

Sasa niambieni hapo chini: kwenu usiku wa kawaida mko wangapi, na Krismasi mnafika wangapi?