Kuondoa shauri, kufuta kesi

"Nimekuja kufuta kesi." Karani wa mahakama ameisikia kauli hiyo mara nyingi, na anayeitamka mara nyingi ni mke. Tuseme ni mama wa Nyakahanga, wilayani Karagwe. Mumewe alimpiga, naye mama akapitia polisi kuchukua fomu ya PF3, akatibiwa katika hospitali ya Nyakahanga, daktari akajaza fomu, na mume akasomewa mashtaka mahakamani Kayanga. Kisha wazee wa pande mbili wakakaa kikao, mume akaomba radhi, mke akarudi kwake. Kahawa inangoja kuvunwa. Kesi ya nini tena?

Tatizo ni kwamba kesi si yake. Hati ya mashtaka inasema Jamhuri dhidi ya mumewe. Yeye ni shahidi tu, tena shahidi asiyeweza kukataa. Kwa kawaida Sheria ya Ushahidi haimlazimishi mke kutoa ushahidi dhidi ya mumewe, lakini kosa likiwa limetendwa juu ya mwili wake au mali yake, anaweza kulazimishwa. Kwa hiyo neno "kufuta" linampa mama huyu kifutio ambacho hakimo mkononi mwake.

Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya 1985 ina milango mitatu, na kila mmoja unastahili jina lake. Namba za vifungu ninazozitaja ni za toleo la 2019.

Wa kwanza, kifungu cha 91, ni wa Mkurugenzi wa Mashtaka (DPP) peke yake. Wanasheria huuita kwa Kilatini, nolle prosequi. Magazeti yetu yamezoea kuandika kwamba "DPP hana nia ya kuendelea na shauri hilo". Ni fasiri ndefu, lakini siioni nyingine inayoipita: inamtaja mwenye mamlaka, inataja nia yake, na haisemi lolote kuhusu kama kosa lilitendeka au la.

Wa pili, kifungu cha 98, ndio hasa kuondoa shauri. Mwendesha mashtaka huomba ridhaa ya mahakama, au huwa amepewa maelekezo na DPP. Hapa saa ni kila kitu. Shauri likiondolewa kabla mshtakiwa hajaitwa kujitetea, anaachiwa, lakini anaweza kushtakiwa upya kwa mambo yaleyale. Likiondolewa baada ya kuitwa kujitetea, anaachiwa huru na yamekwisha. Mwandishi wa habari anayeandika "ameachiwa huru" katika hali zote mbili anamdanganya msomaji, na pengine anamdanganya mshtakiwa mwenyewe.

Mlango wa tatu ndio uliojengwa kwa ajili ya watu waliopatana, na ndio usiotajwa sana: suluhu, kifungu cha 163. Katika shambulio la kawaida au kosa jingine la kibinafsi, mahakama yenyewe inaweza kuhimiza mapatano, kwa fidia au masharti mengine inayoyaidhinisha, kisha ikaamuru shauri lisimamishwe. Ila kwanza hakimu aridhike kwamba maslahi ya umma hayadai adhabu. Hapo ndipo PF3 inaposema zaidi kuliko wazee. Kofi ni jambo moja. Mkono uliovunjika ni jambo jingine kabisa, kwa kuwa kudhuru vibaya mwili kunaweza kumpeleka mtu jela miaka 7. Na asije mtu na hoja ya mila: tangu 1971 kifungu cha 66 cha Sheria ya Ndoa kinasema hakuna mwenye haki ya kumwadhibu mwenzi wake kwa kipigo, hata mila iseme vipi.

Wengine hukimbilia Baraza la Usuluhishi wa Ndoa wakidhani hati yake itamaliza kesi. Baraza hilo kazi yake ni kusuluhisha wanandoa, na kwa kawaida ni lazima lipitiwe kabla ya kuomba talaka. Jinai si yake.

Na "kufuta" je, tulitupe? Hapana, lina pahali pake. Mwaka 2003, katika shauri la B.S. Joshi, Mahakama ya Juu ya India ilisema Mahakama Kuu zinaweza kuyafutilia mbali mashtaka yaliyozaliwa na ugomvi wa ndoa pale wahusika wanapopatana, hata kama sheria haikuliweka kosa hilo katika orodha ya makosa yanayoweza kumalizwa kwa mapatano. Pale Mahakama Kuu inayafuta mashtaka yenyewe, na kitenzi kinatosha. Kayanga, mwendesha mashtaka anaondoa, hakimu anasimamisha.

Tangu 2021 sheria imekifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama, hivyo maneno haya sasa yanaingia kwenye amri zenyewe. Wanandoa waliopatana wamweleze mwendesha mashtaka mapema, na karatasi ya kikao cha wazee waipeleke mahakamani. Haimfungi hakimu, lakini kama mume aliahidi kulipa gharama za matibabu, ahadi hiyo inaweza kuwa sharti ndani ya amri ya mahakama, badala ya kubaki neno la kikaoni ambalo mke atalidai peke yake.