Kifo Kimoja, Vinywa Vingi

Mwaka 1950 Akira Kurosawa wa Japani alitoa filamu iitwayo Rashomon. Mtu amekufa msituni, na mashahidi waletwa mbele ya baraza: jambazi, mke wa marehemu, na marehemu mwenyewe, ambaye mzimu wake wasema kwa kinywa cha mwaguzi. Jambazi akiri kuua. Mke adokeza kuwa huenda ni mkono wake. Marehemu asema alijiua. Habari zao hazipatani, ila kwa jambo moja: kila mmoja ajitwika mauti yale.

Nusu karne kabla ya filamu hiyo, miteremko ya Kilimanjaro iliona kesi iliyokwenda kinyume chake. Tarehe 2 Machi 1900, huko Old Moshi, Wajerumani walimnyonga Mangi Meli, mwana wa Rindi, pamoja na viongozi wengine 18, miongoni mwao Mangi Ngalami wa Siha na Mangi Molelia wa Kibosho. Shtaka lilikuwa njama ya uasi, yaani kosa likaalo moyoni mwa mtu kabla ya kufika mkononi mwake. Na aliyehukumu moyo wa Meli alikuwa adui wake: dola ile ile aliyoishinda vitani mwaka 1892, kabla ya kushindwa nayo mwaka uliofuata.

Hapa hapana ajitwikaye mauti. Kapteni Johannes, mkuu wa boma, aliiweka lawama juu ya walionyongwa. Masimulizi mengi ya Uchagani huiweka juu ya Mangi Marealle wa Marangu, kwamba yeye ndiye aliyepeleka fitina bomani. Huenda ndivyo, lakini mwanahistoria asikomee hapo. Fitina haina kamba. Kamba ilikuwa ya boma, na boma lilikuwa na hiari ya kuipima fitina kabla ya kuiamini.

Shahidi mmoja hajasikiwa. Wazao wa Meli husimulia kuwa kichwa chake kilikatwa kikapelekwa Ujerumani. Mwaka 2023 ilitangazwa Berlin kuwa vipimo vya vinasaba vimeyaoanisha baadhi ya mafuvu yaliyohifadhiwa huko na jamaa walio hai Tanzania. La Meli halikuwamo. Marehemu wa Rashomon alipata mwaguzi wa kumsemea. Meli hajapata hata kuzikwa mzima.