Mundgod: mji mdogo wa wakulima kule India, makabila mengi kwenye udongo mmoja

Hapa Kivu, mtu akisema "Muhindi", wengi wanafikiria askari wa MONUSCO ao mwenye duka. Lakini sehemu kubwa ya watu wa India wanaishi vijijini na katika miji midogo inayotegemea jembe. Mundgod ni mmoja wa miji hiyo. Wamekutana pale wakulima wa zamani, wafugaji, watu wenye asili ya Afrika na wakimbizi wa Tibet. Wote wanahitaji ardhi, lakini hawana haki sawa juu yake.

Iko wapi?

Mundgod iko kusini-magharibi mwa India, katika wilaya ya Uttara Kannada, jimbo la Karnataka. Ukitoka mji mkubwa wa Hubballi, ni kama saa moja kwa gari. Upande wa magharibi inaanza milima yenye misitu, na upande wa mashariki ni tambarare. Mvua kubwa inanyesha kuanzia mwezi wa sita mpaka wa tisa. Ikichelewa, kila nyumba inaona shida.

Mashamba ni ya mpunga, mahindi na pamba. Ukipanda kuelekea milimani unakuta bustani za mipopoo. Popoo zinatafunwa India nzima, na zinaleta pesa kuliko mpunga.

Zamani wilaya hii ilikuwa chini ya jimbo la Bombay. Mnamo 1956, India ilipopanga majimbo yake kufuata lugha, ikaingizwa katika jimbo la Mysore, ambalo tangu 1973 linaitwa Karnataka. Lugha ya serikali ni Kikannada, lakini sokoni unasikia pia Kiurdu, Kimarathi, Kikonkani na Kitibeti.

Wasiddi, watoto wa Afrika

Katika vijiji vya msituni, Mundgod na jirani zake Yellapur na Haliyal, wanaishi Wasiddi. Ukiwaona utafikiri ni ndugu zetu, na ni kweli. Uchunguzi wa damu uliotolewa mwaka 2011 ulionyesha kwamba sehemu kubwa ya asili yao ni kwa Wabantu. Wareno, walioteka Goa mnamo 1510, walileta watumwa kutoka pwani ya Afrika ya Mashariki, hasa upande wa Msumbiji. Wengine walitoroka ao waliachiliwa, wakaingia msituni.

Leo kuna Wasiddi Wahindu, Waislamu na Wakristo, na wengi wanaongea Kikonkani nyumbani. Wanapiga ngoma inayoitwa damam, na akina mama wanajulikana kwa blanketi za kushona kwa vipande vya nguo kuukuu, zinazoitwa kawandi. Ndugu zao wa jimbo la Gujarat wana mchezo unaoitwa goma, na ni neno letu lilelile, ngoma.

Kwa miaka mingi Wasiddi walifanya kazi kwenye mashamba ya matajiri wa mipopoo, wengine wakifungwa na madeni ambayo hayaishi. Mnamo 2003 serikali ya India iliwaandika Wasiddi wa Uttara Kannada katika orodha ya makabila yanayolindwa na sheria. Mnamo 2020, Shantaram Siddi akawa Msiddi wa kwanza kuingia katika baraza la kutunga sheria la Karnataka.

Watibeti wa kambi

Mnamo 1959 Dalai Lama alikimbilia India, na makumi ya maelfu ya Watibeti wakamfuata. India ikaomba majimbo yake yatoe ardhi. Karnataka ilitoa nyingi kuliko yote, na mnamo 1966 makao ya Doeguling yakafunguliwa karibu na Mundgod, kwenye msitu wa karibu ekari 4,000.

Hawa walikuwa watu wa milima ya baridi, waliozoea kulima shayiri. Walipewa pori la joto, wakakata miti wenyewe na kujifunza mahindi na mpunga. Makao yaligawanywa kwa kambi zenye namba, na jina "kambi" limebaki mpaka leo hata kama nyumba ni za matofali. Kisha wakaja watawa wa Ganden na Drepung, monasteri mbili kubwa za Tibet, wakazijenga upya hapo. Sasa wageni wanafika kutoka dunia nzima, na wenyeji wa Mundgod wanapata biashara kwao.

Lakini kilimo peke yake hakitoshi. Wakati wa baridi, familia nyingi zinasafiri kuuza sweta katika miji ya mbali. Vijana wanaondoka kwenda Bangalore, Ulaya na Amerika.

Karatasi ya shamba

Hapa ndipo tofauti inaonekana. Mtibeti wa Doeguling analima, lakini ardhi inabaki ya serikali. Mpango wa mwaka 2014 juu ya Watibeti wa India nzima unazungumzia kukodisha kwa miaka 20, siyo kumilikisha.

Kwa wanaoishi msituni kuna sheria ya mwaka 2006. Aliye kwenye orodha ya makabila yanayolindwa, kama Msiddi, anapaswa kuonyesha kwamba alikuwa kwenye shamba lake kabla ya tarehe 13 Desemba 2005. Anaweza kupata mpaka hekta 4, akawarithisha watoto, lakini hana ruhusa ya kuuza. Asiye kwenye orodha anapaswa kuonyesha kwamba familia yake iko pale tangu vizazi vitatu, yaani miaka 75.

Wanaoumia na sharti hilo ni Wagowli, wafugaji wa nyati wa kufugwa (siyo mbogo wa Virunga), wanaouza maziwa na samli. Wanaishi msitu mmoja na Wasiddi, na umaskini wao unafanana, lakini hawajawekwa kwenye orodha. Wanaendelea kudai. Babu aliyehama na mifugo yake hakuacha karatasi, na mjukuu anaulizwa ushahidi wa miaka 75.

Kwa hiyo ukipita Mundgod siku ya soko utaona Msiddi, Mgowli, Mtibeti na mkulima wa Kikannada wakinunua chumvi kwa duka moja. Kila mmoja akirudi shambani kwake, jibu la swali "hapa ni pa nani?" linategemea karatasi aliyoweka ndani ya nyumba.