Wapagazi Waliokimbia Uzaramo: Deni au Khiyana?



Katika miaka ya 1860 Hamed bin Muhammed el-Murjebi, maarufu kwa jina la Tippu Tip, aliondoka pwani kwa njia ya Mbwamaji kwenda bara. Mali nyingi ya misafara zama zile ilikuwa ya mkopo kutoka kwa matajiri wa Kihindi wa Unguja, nayo ilibebwa na wapagazi wa kukodi. Safari hiyo aliwakodi Wazaramo, watu wa nchi ambayo leo ni Kisarawe, Kibaha na jirani zake. Walipofika upande wa Rufiji, wakamkimbia. Yeye mwenyewe anasimulia, katika maisha yake aliyoyaandika kwa Kiswahili, kwamba alirudi Uzaramo na watu wenye bunduki, akakamata wazee na jamaa za waliokimbia na kuwafunga. Ndipo Wazaramo wakamwita Kingugwa, yaani chui.

Wengi hukisoma kisa hiki kama habari ya ushujaa. Mwanafunzi wa fiqhi anapaswa kuuliza: wale wapagazi walikosa nini hasa?

Mpagazi ni ajiri, na akdi yake ni ijara. Aliyepokea malipo ya mbele kisha akakimbia mikono mitupu amevunja ahadi, na hilo ni dhambi. Lakini alichokipokea bila kukifanyia kazi ni deni shingoni mwake. Mzigo ni jambo jingine. Jora la nguo alilobebeshwa halikuwa lake hata dakika moja, lilikuwa amana. Likiharibika bila yeye kupetuka mpaka wala kuzembea, halipi, kwa kauli yenye nguvu katika madhehebu yetu ya Shafii. Akiondoka nalo, huyo ni khaini. Hata khaini huyo hakatwi mkono, kwani katika hadithi ya Jabir (r.a.) Mtume (s.a.w.) alimtoa khaini katika hukumu ya mwizi. Adhabu yake ni taazir, nayo iko kwa kadhi, si kwa mwenye mali. Ama kumfunga ami yake kijijini, hilo halina mlango kabisa: Qur'ani imekataza nafsi kubebeshwa mzigo wa nafsi nyingine.

Waingereza walipoitawala Tanganyika, Sheria ya Mabwana na Watumishi Wenyeji ya 1923 ilimfanya kibarua aliyetoroka kazi kuwa mhalifu. Jamaa zake hawakukamatwa, lakini deni la ijara liligeuzwa jinai kwa kalamu.

Kanuni ya Adhabu inayotumika leo, Sura ya 16, imeweka mpaka ulio karibu zaidi na ule wa mafakihi. Kifungu cha 273 kinahusu wizi wa wakala, ambao watu wetu huuita wizi wa kuaminiwa. Kinamgusa, kwa mfano, aliyekabidhiwa fedha azihifadhi au azitumie kwa kazi maalumu, naye akazigeuza zake. Kifungu cha 258 hakimpi nafuu anayesema alikusudia kuzirudisha baadaye. Aliyekopa hayumo humo, kwa sababu kwa mkopo fedha zimekuwa milki yake, na anachodaiwa ni mfano wake. Hayo ndiyo tunayoyasomesha katika babu ya kardhi na babu ya wadia.

Maimamu wa Kibaha na Kisarawe wanayajua maswali haya. Mtu amepewa fedha anunue mkaa au korosho kwa niaba ya mwenziwe, akajengea nyumba yake: huyo ni khaini. Mwingine aliuza magunia yasiyokuwepo bado, mvua ikamharibia, hana cha kulipa: huyu ni mdaiwa, na akiwa mwenye dhiki aya ya 280 ya Suratul Baqara inamtaka mdai ampe muhula. Aliyeuza kiwanja kimoja kwa watu wawili huku akijua hawezi kujificha nyuma ya neno mkataba, kwani udanganyifu wake ulikuwepo siku ya akdi.

Basi, ndugu imamu, muumini akija baada ya Ijumaa akitaka barua ya kumpeleka mwenziwe polisi, mwulize kwanza: siku ulipomkabidhi fedha zile, zilibaki zako au zilikuwa zake? Na mwite yule mwingine umsikilize kabla hujaandika herufi moja.