Mshahara wa Mwalimu wa Muda Kusini mwa Maniema: Mdaiwa ni Nani?

Mwalimu aliyeteuliwa kwa muda huko Kasongo au Kabambare, akafundisha mwaka mzima bila mshahara, amdai nani? Swali laonekana jepesi, lakini jibu lake limekuwa likiwaponyoka wadai kwa zaidi ya miaka arobaini.

Chanzo ni mapatano yaliyotiwa sahihi tarehe 26 Februari 1977 baina ya dola ya Zaire na makanisa. Dola ilikuwa imezitaifisha shule mwishoni mwa 1974, kisha ikashindwa kuziendesha. Kwa mapatano hayo dola ilibaki mwenye shule na mlipaji, ilhali usimamizi wa kila siku, pamoja na kuwaweka walimu kazini, ulirudi kwa Wakatoliki, Waprotestanti na wafuasi wa Kimbangu. Waislamu nao, ambao ni wengi Kasongo, walipata mapatano yao. Basi anayetoa barua ya uteuzi akawa si yule anayetoa fedha. Katikati ya miaka ya 1980 ikaundwa SECOPE, idara ya kukagua malipo ya walimu: asiye na namba katika orodha yake hakulipwa, hata barua yake ikiwa na mihuri yote. Walimu hao huitwa N.U., kifupisho cha maneno ya Kifaransa yenye maana ya wafanyakazi wapya. Mwanaisimu hana budi kushangaa kidogo, kwani mtu aweza kubaki "mpya" kwa miaka kumi.

Deni hilo lilifichika kwa muda mrefu. Tangu mwanzoni mwa miaka ya 1990 wazazi walitoa posho iliyoitwa prime, na wakati wa vita vya 1998 hadi 2003, eneo lilipokuwa chini ya RCD, shule ziliendelea kwa fedha zao. Aliyekula jasho la wazazi hakuwa na haraka ya kwenda mahakamani. Mwaka 2019 serikali ilipoanza kutekeleza ibara ya 43 ya Katiba ya 2006, inayosema kwamba elimu ya msingi ni bure, prime iliondolewa katika shule za msingi za umma, na mwalimu wa N.U. akabaki mikono mitupu.

Hapo ndipo sheria inapoanza kumchezea. Sheria ya Kazi ya tarehe 16 Oktoba 2002 haiwahusu watumishi wa dola walio katika ajira ya kudumu. Wa muda, ambaye hajaingia humo, aweza kuitegemea. Tena inampendelea: mkataba usioandikwa huhesabiwa kuwa hauna kikomo, mpaka ithibitishwe vinginevyo. Lakini hawezi kufika mbele ya mahakama ya kazi kabla ya kupita kwa mkaguzi wa kazi ajaribu kuwapatanisha. Kindu, makao makuu ya mkoa, iko zaidi ya kilomita 200 kutoka Kasongo, na Kabambare iko mbali zaidi. Zaidi ya hayo, madai ya mshahara hufa baada ya mwaka mmoja tangu siku ulipostahili kulipwa. Mwalimu anayesubiri namba yake kwa miaka mitatu, kwa adabu na subira, huenda amepoteza miaka miwili kwa ajili ya subira hiyo hiyo.

Kenya ilikuwa na mgogoro ulio karibu na huu. Aprili 2024 Mahakama ya Ajira na Uhusiano wa Kazi jijini Nairobi iliamua kwamba Tume ya Huduma kwa Walimu haikuwa na mamlaka ya kuajiri walimu wanagenzi. Huko mwajiri alijulikana. Kilichobishaniwa ni masharti. Kusini mwa Maniema msimamizi husema mlipaji ni dola, na dola husema haimjui mwalimu huyo. Kwa maoni yangu, shule ikiwa ni ya dola na mtoto akafundishwa humo, ni vigumu dola kujiita mgeni.

Jambo la mwisho ni la lugha. Kwa Kiswahili mwalimu husema "ninadai", neno linalochukulia kwamba deni lipo. Akiandika kwa Kifaransa cha ofisini, barua yake huanza kwa kuomba hisani ya mkuu. Mkaguzi wa kazi akiipokea, atatafuta ndani yake tarehe ya kuanza kazi, miezi isiyolipwa, na jina la aliyemweka mwalimu darasani.