Grande Otelo: Msanii Aliyedai Jina Lake

Malenga wetu wa kale aghalabu hulitia jina lake katika beti za tamati, ili ajulikane mwenye utungo na asije mjanja akaupora. Ada hiyo hunijia akilini kila niitazamapo Rio, Zona Norte, filamu ya Kibrazili iliyoongozwa na Nelson Pereira dos Santos mwaka 1957. Humo mna mtunzi wa samba aitwaye Espírito, mtu maskini, fundi wa kutunga asiyejua kuandika noti za muziki. Nyimbo zake zinachukuliwa na wengine, naye anabaki mikono mitupu. Aliyemwigiza ni Grande Otelo, ambaye kwao Brazili ni mashuhuri, lakini huku kwetu hatajwi.

Jina alilopewa na wazazi ni Sebastião Bernardes de Souza Prata. Alizaliwa katika mji ambao leo huitwa Uberlândia, jimboni Minas Gerais, hata miaka 30 haijatimia tangu Brazili ifute utumwa mwaka 1888. Jukwaani alipanda angali mtoto, na mwaka 1926 alikuwa katika kundi la wasanii weusi lililoitwa Companhia Negra de Revistas. Jina la Otelo ni la yule jemadari mweusi wa Shakespeare. "Grande" maana yake ni mkubwa, ilhali mwenyewe alikuwa mfupi mno. Basi jina likawa sifa na mzaha kwa pamoja.

Mwaka 1942 Orson Welles alikwenda Rio kupiga filamu, akamshirikisha Otelo. Kazi ile ikakatizwa na kampuni iliyoigharimia. Mwaka uliofuata studio ya Atlântida ilitoa Moleque Tião, iliyotokana na maisha ya Otelo mwenyewe. Tião ni ufupisho wa Sebastião. Ajabu ya Mungu, filamu hiyo iliyobeba jina lake la kuzaliwa imepotea, haionekani tena.

Kilichosalia kwa wingi ni vichekesho. Alishirikiana na Oscarito, mchekeshaji mweupe, na katika Carnaval no Fogo ya 1949 wakaigiza Romeo na Juliet, Otelo akiwa ndiye Juliet. Watu walicheka hadi machozi. Lakini katika jozi ile jina la Oscarito ndilo lililozoea kutangulia.

Ndipo ikaja Rio, Zona Norte. Inaanza Espírito akiwa ameanguka kutoka kwenye garimoshi, na maisha yake yanapita kwa kumbukumbu. Tazama pale anapomwimbia mwimbaji Ângela Maria samba yake mpya: uso ule uliozoea kuchekesha unatulia, macho yanangoja, na furaha inakuja taratibu kama mtu asiyeamini kuwa amesikilizwa. Naye Otelo hakuwa mgeni wa jambo hilo, kwani alikuwa mtunzi pia. Pamoja na Herivelto Martins alitunga samba mashuhuri ya Praça Onze, inayoombolezea uwanja wa Rio uliobomolewa kupisha barabara kuu.

Mwaka 1969 aliigiza katika Macunaíma ya Joaquim Pedro de Andrade, iliyotokana na riwaya ya Mário de Andrade, akapata tuzo ya mwigizaji bora katika tamasha la Brasília. Humo shujaa anazaliwa akiwa mtu mzima mweusi, kisha anaoga maji ya chemchemi ya ajabu akageuka mweupe, na tangu hapo anaigizwa na Paulo José. Kejeli hiyo imeelekezwa kwa Brazili nzima, lakini mimi huiona pia kuwa ni habari ya Otelo: filamu anaifungua yeye, anaiendesha mwingine.

Mwaka 1993 alitoa kitabu cha mashairi, Bom Dia, Manhã. Novemba ya mwaka huo huo alifariki uwanja wa ndege jijini Paris, akiwa njiani kwenda Nantes kuenziwa katika tamasha la filamu. Hakufika. Lakini mashairi yale yana jina lake juu ya jalada, wala hapana aliyetangulia mbele yake.